Kwa Nini Nyumba za Nchi ya Kati Zina Mlango wa Nyuma

Kaeni vizuri, na mwenye kikohozi akohoe sasa hivi, maana habari hii haipendi kukatizwa.

Hapo kale Nchi ya Kati haikuwa na mwenyewe. Juu waliishi watu wa mlimani, wenye migomba na maharage. Chini waliishi watu wa mbugani, wenye ng'ombe. Katikati palikuwa na miiba, nyati na kupe, na hapakuwa na mtu aliyepataka. Lakini mlimani watu waliongezeka hata ndugu wakagombana kwa mpaka wa upana wa jembe, na mbugani nyasi zikapungua hata ng'ombe wakaanza kupanda mteremko bila kuulizwa. Ikawa watu wanakutana pale katikati wapende wasipende, wakibadilishana maziwa kwa maharage, ngozi kwa ndizi, na matusi kwa matusi.

Katika kukutana huko ndipo Nakiete, binti wa mlimani, alipompenda Sironka wa mbugani, wakaoana. Walijenga palepale kwenye miiba, nyumba ya kwanza kabisa ya Nchi ya Kati: kuta za fito zilizokandikwa udongo na samadi, mlango mmoja, dirisha hakuna. Wazee wa pande zote mbili walitikisa vichwa. Walisema wazi kwamba ndoa hiyo ikidumu, na wengine watakuja kujenga hapo. Ikivunjika, kila mtu abaki kwao na mkuki wake.

Aliyekosa usingizi kwa maneno hayo alikuwa Namvua, mama yake Nakiete, mwanamke mnene, mcheshi, mwenye mikono isiyotulia. Nakiete alikuwa mtoto wake pekee. Namvua alimpenda mkwewe kwa kumsikia tu, kwa kuwa kwa desturi ya mlimani mama mkwe na mkwe hawaonani uso kwa uso mpaka mjukuu wa kwanza aote jino. Wakionana kabla ya hapo, ndoa imekwisha na binti anarudi kwao. Kila alipomwona Sironka kwa mbali, Namvua alijitupa kwenye kichaka kilicho karibu, na mara moja kichaka hicho kilikuwa cha upupu. Alijikuna siku mbili, lakini ndoa ilisalimika.

Basi Nakiete akashikwa na uchungu mapema kuliko ilivyotarajiwa, siku ambayo Sironka alikuwa amepeleka ng'ombe kisimani. Namvua akaitwa, akashuka mlima mbio na mkungu wa ndizi kichwani. Alimpokea mtoto, wa kike, mwenye sauti ya kuitia mbuzi. Akamwogesha, akamkanda binti yake kwa maji ya moto, akabandika mtori, supu nzito ya ndizi. Alikuwa amepanga kuondoka kabla mume hajarudi, kama walivyofanya mama zake na bibi zake wote.

Asichokijua ni desturi ya mbugani. Kule mwanamume akipata mtoto wa kwanza hukimbia nyumbani akakaa kizingitini, mgongo ndani, uso nje, mkuki magotini, akamlinda mtoto siku nne. Akiinuka kabla ya siku ya nne kwisha, mtoto hana ukoo. Wala hapiti mtu wala chungu juu ya miguu yake. Chakula na maji ya siku zote hizo huwekwa ndani mapema. Mambo ya kujisaidia msiniulize, wanaume wa mbugani walikuwa na siri zao.

Namvua alikuwa ameinama akipuliza moto, mara nyumba ikawa giza. Alipogeuka aliona mgongo mpana umejaza mlango. Alijifunika khanga kichwani na kujibanza nyuma ya kitanda, akingoja mgongo ule uondoke. Haukuondoka.

Nakiete akamnong'oneza mambo ya siku nne. "Mama, akigeuka tu, tumekwisha."

"Na mimi nikitoka?"

"Utamruka miguu. Tumekwisha vilevile."

Desturi zote mbili zilikuwa nzuri, kila moja kwao. Hakuna aliyewahi kuziweka ndani ya nyumba moja.

Siku ya kwanza ikapita. Siku ya pili Namvua akapiga chafya, chafya ya mtu mnene, hata majivu yakaruka. Mgongo pale mlangoni ukashtuka. Sironka alikuwa mtu mwenye akili, akaelewa mara moja nani yumo ndani, na shingo ikamkakamaa kwa hofu ya kugeuka.

"Mke wangu," akasema kwa sauti kubwa akitazama mbele, "hayo mafua yako pole sana."

"Ahsante, mume wangu," akajibu Nakiete, na nyuma ya kitanda Namvua akaumwa mbavu kwa kuzuia kicheko. Siku hiyo ndipo alipompenda kijana yule kwa kumjua, si kwa kumsikia.

Lakini siku ya tatu kicheko kiliisha. Kwa kuwa mtoto alikuja mapema, ndani kulikuwa na mtungi mmoja tu wa maji, na vinywa vilikuwa viwili. Mtungi ukakauka. Midomo ya Nakiete ikapasuka, maziwa ya kifuani yakaanza kukatika, na ile sauti ya kuitia mbuzi ikawa nyembamba. Namvua akamtazama mjukuu wake akalia bila sauti. Kisha akapangusa macho, akachukua kisu cha kumenyea ndizi na mwiko wa kusongea ugali, akaanza kuubomoa ukuta wa nyuma.

Na hilo nalo hakulijua: mbugani, ukuta wa nyuma ulibomolewa kwa jambo moja tu, kumtoa maiti.

Nolari, mama yake Sironka, aliyekuwa amepiga kambi karibu na wanawake wenzake kungoja siku ya nne, alikuwa akitoka kukamua aliposikia udongo ukianguka. Akaona tundu linafunguka. Kibuyu kikamdondoka, maziwa yakamwagika, akapiga ukelele ambao kila mwanamke wa mbugani anaujua. Wanawake wakaja mbio, mikono kichwani, kilio kikatanda kutoka upande hadi upande.

Pale mlangoni Sironka alikisikia kilio kile kutoka nyuma ya nyumba yake. Alijua maana yake. Hakujua ni mke au ni mtoto. Miguu ilitaka kuinuka yenyewe. Lakini kama mtoto yu hai, akiinuka atamwacha bila ukoo. Akaushika mwimo wa mlango kwa mikono miwili, akafumba macho, machozi yakamtiririka mpaka kifuani, na hakuinuka.

Nyuma, kwenye tundu, kilitokea kichwa kilichojaa vumbi. Yakafuata mabega. Halafu kiuno kikakwama.

"Msilie, nivuteni!" akafoka Namvua. "Na maji yako wapi? Mjukuu wetu ana kiu!"

Nolari akaliinamia tundu. "Mama Nakiete! Humo ndani wazima ni wangapi?"

"Wote! Anayekufa hapa ni ukuta, na kiuno changu!"

Nolari akaangua kicheko, kikaenea kwa wanawake wote, machozi yakiwa bado mashavuni. Wakamvuta Namvua, huyu mkono, huyu khanga, akachomoka na kipande kizima cha ukuta kiunoni. Nolari akapaza sauti juu ya paa, "Mwanangu, kaa hapohapo! Wote wazima!" Na mbele ya nyumba mwanamume mzima alisikika akicheka na kulia kwa pamoja, mkuki umemwanguka.

Wazee wakaja na nyuso zao ndefu. Wa mlimani wakauliza kama uso ulionekana. Haukuonekana. Wa mbugani wakauliza kama baba aliinuka. Hakuinuka. "Na hili tundu la mauti?" wakauliza.

Nolari akasema, "Limetoa mtu mzima, tena mnene. Sasa ni la uzima. Liacheni wazi." Akalipachika ngozi ya ng'ombe likawa mlango, na Namvua akalipita siku ile mara tisa na mitungi ya maji. Kabla ya masika kuisha, nyumba kumi na moja zilikuwa zimejengwa pale kwenye miiba.

Na tangu siku hiyo kila nyumba ya Nchi ya Kati ina mlango wa nyuma, mdogo, uitwao mlango wa bibi. Hata leo, nyumba ni za matofali na bati, na fundi akileta mchoro wa mlango mmoja huulizwa, "Na bibi apite wapi?" Akizaliwa mtoto wa kwanza, wanawake husimama nyuma ya nyumba na kulia kilio cha msiba, mpaka bibi atokeze kichwa na kusema wote ni wazima, hapo huangua kicheko. Na baba, aliyekaa kizingitini upande wa mbele, anajua fika kwamba ni mchezo. Hata hivyo huushika mwimo wa mlango kwa mikono miwili, na hauachii mpaka asikie wamecheka.