Kadi ya Mke Mmoja

Sogeeni karibu, na mwenye wivu akae mbele, maana hii ni yake.

Bwana Shija wa Mwasenga alikuwa na wake watatu. Kalunde, mke mkubwa, hakusahau jina la mtu. Nyanzobe alijua kutunga nyimbo. Mwashi, mdogo wao, aliendesha mkokoteni wa ng'ombe kuwashinda wanaume, na Kalunde alimwonea gere tangu siku ya harusi.

Zama zile za chama kimoja mbunge wao alifariki, ukaitishwa uchaguzi mdogo. Shija akashindana na Mwalimu Kasuka. Kila mgombea alipewa alama: mwalimu jembe, Shija nyumba. Shija akarudi kanywea.

"Mkulima gani ataliacha jembe?" akawauliza wake zake.

Kalunde akazunguka kaya kwa kaya, akimsalimu kila mtu kwa jina, na marehemu wao akiwataja kwa majina. Waliowafungia wengine milango, yeye walimpa kiti.

Kiti walimpa, ila kura walisema ni ya jembe. Ndipo Nyanzobe akatunga wimbo: "Jembe hulala wapi? Hulala nyumbani!" Ukaimbwa visimani na mashambani. Kalunde mwenyewe alijikuta akiuimba jikoni, akajiziba mdomo kwa hasira.

Siku ya kura mto ukafurika. Mwashi akafunga ng'ombe, akawavusha wazee wa ng'ambo, maji yakimfika kiunoni. Wazee hao walikuwa ishirini, na Shija alishinda kwa kura tisa.

Ikaja kadi ya kwenda kumshuhudia akiapishwa Dar es Salaam. Ni ya mke mmoja, na mahali pa jina pako wazi.

"Bila wimbo wangu?" akauliza Nyanzobe.

"Bila ng'ombe wangu?" akauliza Mwashi.

"Mimi nilimpokea ana shati moja!" akafoka Kalunde.

Shija aliliogopa jembe la mwalimu, lakini wake zake aliwaogopa zaidi. Akampa Kalunde kalamu.

"Mama, mwenye majina ni wewe. Andika la anayestahili." Akaenda zake kuoga.

Kalunde akaketi na kadi. Alitaka sana kuandika jina lake, na alijua lingetosha vizuri pale palipo wazi. Mlangoni Nyanzobe alisimama, haimbi. Mwashi alikohoa, baridi ya mto haijamtoka kifuani. Kwa mara ya kwanza, Kalunde alikosa jina.

Haya, kalamu ingekuwa mkononi mwako, wewe ungeandika la nani?