Mkataba wa Wauza Vitunguu

Serikali iliporuhusu kampuni nyingi za simu, Lwambano, aliyekuwa na mnara peke yake pale Ngongwe, aliwahi sokoni kwa wauza vitunguu.

"Nawapa simu za bure," alisema. "Ila mtasaini kwamba laini yangu mtaitumia kila siku, miaka mitano."

"Bei ya kupiga?" aliuliza Mashavu, mwenyekiti wao.

"Ileile. Nani mwingine atakuja huku porini?"

"Na tukibipu tu?"

"Kubipu ni bure, mama."

"Haya. Basi simu ziwe za laini mbili, bosi. Tundu moja likiharibika tusije tukakuvunjia mkataba."

Lwambano aliupenda uaminifu huo. Akaleta simu, wote wakasaini.

Mwezi uliofuata kampuni nyingine ilisimamisha mnara na kuuza dakika kwa robo ya bei ya Lwambano. Naye akaja mbio. Laini zake zilikuwa zikiita kutwa, lakini hakuingiza hata shilingi.

"Mmevunja mkataba," alimwambia Mashavu.

"Hapana, bosi. Laini yako tunabipia kila siku. Ila kuongea tunatumia tundu la pili."