Kanga Aliyekwenda Matangani

"Haki haiozi, Bibi. Hata shangazi akichelewa barazani kesho kwenye shauri lake na shemeji yake, shamba ni lake tu." Ndivyo alivyoniambia Chande sasa hivi, mdomo umejaa muhogo wangu.

Haiozi? Sogeeni motoni. Paukwa!

Pakawa!

Mnaitika kama wagonjwa. Paukwa!

Pakawa!

Haya. Zamani hizo, wanyama wakishtakiana, Kanga, yule ndege wa madoa, alitaga chini ya kichuguu. Nguchiro akaja akalala juu ya mayai.

"Toka, mwizi we!"

"Mwizi nani? Nayalinda. Kichuguu cha babu yangu hiki."

Kanga akamshtaki kwa Nyati. Nyati akasema, "Njooni kesho asubuhi. Mpaka shauri liishe, yai lisiliwe. Ila mshtaki ataitwa mara tatu. Asipoitika, shauri nalifuta."

Asubuhi Kanga huyo, mbio. Njiani, kufika kwa Nguchiro, kilio! Mke wa Nguchiro anagaagaa chini, "Mume wangu! Kaniacha!" Ndani, kitu kimelazwa, kimefunikwa mkeka.

Sasa nyie, kilio kinapitwa? Hakipitwi. Kanga akakaa. Akawaza, Nguchiro kafa, nitamshtaki nani tena?

Akainuka aende zake. "Kaa kidogo, mwenzangu, hajaoshwa."

Akainuka. "Kaa kidogo, mwenzangu, sanda haijafika."

Akainuka. "Kaa kidogo, mwenzangu, kaburi halijachimbwa."

Na huko barazani Kunguru anaita mlangoni, "Kangaaa!" Kimya. "Kangaaa!" Kimya. "Kangaaa!" Kimya.

"Mshtaki hakufika," Nyati akasema. "Shauri nimelifuta."

Kule matangani Kanga akaona mbona maiti hanuki, wala nzi hatui juu yake. Akafunua mkeka. Gogo! Akaruka mpaka barazani, manyoya yanapukutika.

"Bwana Nyati, nimefika!"

"Ulikuwa wapi?"

"Matangani."

"Kafa nani?"

"Nguchiro."

Baraza likaangua kicheko. Nguchiro yuko pale pale, anajilamba mdomo.

"Pole na msiba wangu, dada," akamwambia.

Kanga akarudi kichuguuni. Akakuta maganda.

Ndiyo maana mpaka leo kanga anapiga makelele tangu alfajiri, hajaitwa na mtu. Anaitika: nipo! nipo! nipo! Kelele zile haziangui yai.

Na Nyati? Mimi sikuwepo, sisemi kitu. Ila kwato zake siku ile zilikuwa na udongo mwekundu, na udongo mwekundu uko kichuguuni tu. Alifuata nini kule?

Hadithi yangu nimeiacha hapo, kwenye maganda.

Chande, futa mdomo, nenda kwa shangazi yako Mwanahawa usiku huu huu. Mwambie kesho akisikia kilio upande wa kwa shemeji yake, asikae. Afunue mkeka kwanza.