Firigisi ya Mzee Nandonde

Sogeeni karibu, ila msikubali haraka kila mnachosikia. Kesi hii mimi mwenyewe inanikereketa mpaka leo.

Kituo cha runinga cha Mawio kilikuwa na watu watatu wenye vipaji. Adelina Hokororo, mtangazaji aliyekuwa wakili zamani, alijua kuuliza. Akikuuliza umekula nini, utajikuta umeshamtaja na uliyekula naye. Mponda, mpiga picha, alikuwa na jicho: nzi akitua puani mwa mgeni, Mponda kamwona kabla ya mwenye pua. Na Shamimu, mpambaji, alikuwa na kile kiti chake. Mtu akikikalia, akifumba macho apakwe poda, basi mdomo unafunguka wenyewe! Shamimu alisikia mengi na hakuwahi kutoa hata moja.

Huyu Shamimu hakumwamini Adelina tangu alipoingia. Wakili ana ofisi yake, wateja kibao, anaachaje kazi ghafla aje kusoma habari? Ukimuuliza anacheka. "Nilichoka kunyamaza, mdogo wangu." Kipindi chake cha mahojiano kikavuma nchi nzima, watu wakampenda, lakini Shamimu moyo haukutulia.

Siku moja Adelina akamwalika Bwana Chitanda, mwenyekiti wa chama cha ushirika. Ghala la korosho la chama lilikuwa limeungua, na mlinzi wake, Mzee Nandonde, alikuwa mahabusu muda mrefu akishitakiwa kulichoma. Mzee alikana mpaka sauti ikamkauka.

Chitanda akakaa kwenye kiti cha Shamimu, akapandisha mkono wa shati. Kovu la moto, kutoka kiganjani hadi karibu na kiwiko.

"Dada, nifichie hili."

"Pole. Limekupataje?"

"Moto wa ghala! Niliingia mwenyewe kuokoa magunia. Wee acha tu, dada."

Alisema hivyo kifua mbele, kama wanavyofanya wanaume wakiguswa na mkono laini. Shamimu akapaka poda mpaka kovu likapotea.

Kipindi kikaanza, moja kwa moja hewani. Chitanda akatulia kitini. "Usiku ule wa moto sikuwepo kabisa. Nilikuwa msibani Songea. Nimerudi, nimekuta majivu."

Shamimu, nyuma ya kamera, akautazama ule mkono alioupaka poda. Wakati wa matangazo ya biashara akaenda kumfuta Adelina jasho, akamnong'oneza yote. Adelina hakushituka. Hata kope haikucheza.

"Asante," akasema. "Sasa naweza kuuliza."

Sasa? Kwa nini sasa? Shamimu akarudi pembeni akijiuliza.

Taa zikawaka tena. Joto likayeyusha poda, na Mponda akaliona kovu likichomoza. Mkuu wa matangazo, rafiki wa Chitanda, akamfokea kwenye visikilizio: "Toa kamera hapo! Rudi usoni!" Mponda akajifanya kiziwi. Kovu likajaa skrini nzima.

Adelina akauliza taratibu, "Mheshimiwa, mkono huu umeunguzwa na moto wa Songea, au wa huku?"

Chitanda akatazama skrini, akatazama mkono, akaruka juu. "Adelina, msaliti wewe! Ulikuwa wakili wangu! Nilikwambia kwa siri kwamba nimechoma, ukaapa kunificha!"

Nchi nzima ikasikia. Kumbe alikuwa ameziuza korosho za wakulima, akachoma ghala ili zisitafutwe.

Mzee Nandonde alipoachiwa, alichinja jogoo akawaita wote watatu. Kwake firigisi hupewa mgeni mmoja tu, yule anayeheshimiwa kuliko wote, na haikatwi.

"Ni yangu hiyo," Mponda akatania, kisha utani ukamwisha. "Bila picha yangu angelifunika kovu lake akaenda zake. Kazi nimefukuzwa."

"Na bila mdomo wangu nani angejua kovu lina hadithi mbili?" Shamimu akasema. "Sasa wageni wanakuja wamejipaka poda makwao. Kiti changu hakuna anayekikalia."

"Bila swali langu asingelipuka," Adelina akasema. "Mawakili wenzangu wameniita nijieleze. Wanaweza kunifuta kabisa kwenye orodha ya mawakili."

Mzee Nandonde akamgeukia, sahani mkononi.

"Mwanangu, wewe ulijua tangu lini?"

Adelina akainamisha kichwa. "Tangu wiki uliyokamatwa, baba. Siri ya mteja huwezi kuitoa hata ukiacha kazi, ndicho kiapo chetu. Niliacha uwakili, nikamtafutia Chitanda mahali pa kujisema mwenyewe mbele ya watu wengine."

Shamimu akakumbuka Adelina alivyomwambia asubuhi ya kipindi, kabla Chitanda hajafika: "Mgeni wa leo usimharakishe." Basi kiti chake kilikuwa mtego, naye hakuambiwa!

Mzee akasema, "Mke wangu walimzika nikiwa ndani."

Firigisi ikapoa mkononi mwake.

Haya, ninyi mnaonisikiliza. Mponda alionesha, Shamimu alisema, Adelina aliuliza, na hakuna hata mmoja ambaye bila yeye mzee angetoka. Je, wewe ungeamua vipi, firigisi apewe nani? Na ukimpa Adelina, mpe huku unamtazama Mzee Nandonde machoni.