Wali wa Nandashri na Andiko Lililopotea

Wapokezi wa habari za kale wametusimulia kwamba huko Bara Hindi, kwa watu wa dini ya Jaini, iliingia njaa iliyokausha mito na kuwamaliza watawa. Watawa wale hawakumiliki kitu, hata kitabu. Maandiko yao matukufu waliyahifadhi vifuani, na kila aliyefariki aliondoka na fungu lake. Mwishowe akabaki mzee Vimalasena, mtu pekee duniani aliyelihifadhi andiko kongwe kuliko yote.

Mjane mmoja mwema, Nandashri, alikuwa amebakiwa na kibaba kimoja cha mchele. Akaupika wote kwa ajili ya mzee yule. Shemeji yake Dhanapala, hodari wa hesabu za dunia, akamwonya.

"Shemeji, sharia yao unaijua. Mtawa hali chakula alichopikiwa yeye. Hula sehemu ya kile wenye nyumba walichojipikia. Akikuuliza, sema ulijipikia mwenyewe."

"Nimdanganye mtu kama yule?"

"Neno moja tu, na andiko litapona. Ukisema kweli, umelizika wewe."

Mzee akaja, akiifagia njia taratibu asije akakanyaga hata sisimizi. Alikuwa mifupa mitupu.

"Binti yangu, chakula hiki kimepikwa kwa ajili ya nani?"

Uongo ulikuwa umeshamfika Nandashri kwenye ncha ya ulimi. Akamtazama mzee usoni, akatambua kwamba ataamini lolote atakaloambiwa. Hapo akashindwa kuusema.

"Kwa ajili yako, baba mtukufu. Nisamehe."

Mzee akalifunika bakuli lake, akaondoka. Mjini hapakuwa na jiko jingine lililowaka. Haukupita muda akafariki, na andiko likaenda naye.

Watu wakamlaani Nandashri hadharani, na shemeji yake akawa wa mbele. Nandashri akalia. Kisha wanafunzi wa marehemu, ambao hawakuwahi kulihifadhi andiko lile, wakafika mlangoni kwake. Akajua wamekuja kumlaumu.

"Mama," akasema mkubwa wao, "mwalimu alituachia maneno haya: 'Andiko lile nimelisoma umri wangu wote kwa ulimi. Leo nimeliona kwa macho, limesimama mlangoni na upawa mkononi.'"

Subhana! Ndugu zangu, maneno ya andiko lile leo hakuna ayajuaye. Vitabu vyetu sisi vipo, vimejaa rafuni. Tuhofie kumpoteza mtu anayeulizwa akasema kweli, hali kweli inamgharimu kila alichokipenda.