Kiti Alichokiacha Meya wa Montbrezac

"Nani kati yetu alikufikisha huko?" aliuliza Odile, glasi ikiwa bado mkononi, siku Gaëtan Louvrier alipotajwa kuwa waziri wa kilimo wa Ufaransa. Ukumbi mzima wa manispaa ya Montbrezac ulisikia.

Na swali halikuwa la bure. Waziri mkuu alimtaka Gaëtan aachie umeya wa mji wake, na baraza lilikuwa tayari kumchagua yeyote ambaye angemtaja. Madiwani watatu walikitaka kiti hicho. Sikilizeni kila mmoja alitoa nini.

Odile, mwalimu wa maigizo, ana sikio. Alimpokea Gaëtan akiwa kijana anayemeza maneno kila anaposimama mbele ya watu. Majira yote ya baridi alimsimamisha jukwaani shuleni, yeye kaketi safu ya mwisho: "Sikusikii! Rudia!" Bila Odile, angeombaje kura?

Maëlle, muuza jibini, hasahau mtu. Gaëtan alikuja sokoni na tai yake na vipeperushi. Vipeperushi hivyo watu wakavifungia samaki. "Vua koti, mpenzi, njoo ukate jibini," alimwambia, akamvisha aproni. Kila mteja alipokaribia, akamnong'oneza: huyu mumewe amelazwa, yule bintiye kaolewa. Bila Maëlle, angehutubia viti vitupu.

Firmin, daktari wa mifugo, anajua kuachia. Aligombea umeya dhidi ya Gaëtan. Duru ya pili walibaki watatu, na kura za hawa wawili zikigawanyika, tajiri mmoja wa mashamba angepita katikati yao. Firmin akajitoa, akakubali jina lake liandikwe chini ya la Gaëtan kwenye orodha moja ya wagombea. Chama chake kikamfukuza, mkewe akamnunia. Bila Firmin, umeya ungepotea, na bila umeya, uwaziri ungetoka wapi?

Gaëtan alipofika kuaga, alisema, "Nawashukuru nyote sawasawa."

"Sawasawa?" Maëlle alifoka. "Odile umembusu mashavu yote mawili, mimi umenipa mkono!"

"Kwani jibini ndiyo iliyohutubia?" Odile akamrushia.

"Nyie mlimpa vyenu mkabaki navyo," alisema Firmin. "Mimi kiti changu sikurudishiwa."

"Ulikuwa unashindwa, Firmin. Usijipambe," alisema Maëlle.

Gaëtan akalitupia jicho gari lililokuwa likimngoja. "Basi pigeni kura nyinyi watatu. Mshindi wenu ndiye nitakayemtaja."

Wakapiga. Kila mmoja akajipigia mwenyewe.

"Mmeona? Mnalingana," alisema waziri, akaingia garini. Mtu amekabidhiwa mashamba ya nchi nzima, kutaja jina moja kunamshinda!

Kesho baraza linakutana, na wale watatu hawasalimiani tena.

Je, wewe ungeamua vipi? Usiniambie wote wanastahili; hilo alishalisema yeye, akaondoka. Tafadhali, taja jina moja, na unapolitaja, watazame usoni wale wawili uliowaacha.