Nyanya Tupu

Sogeeni karibu. Wadogo wakae mbele, wakubwa wakae nyuma, na aliyeshiba asidhani hayamhusu, kwa sababu kisa hiki ni cha kila anayekula. Nitakisimulia polepole, na mwishoni nitawaachia kazi.

Katika mji wa Lugembe, ulioko juu milimani ambako watu huvaa makoti hata jua likiwa limeshatoka, waliishi watu watatu, kila mmoja na kipaji chake.

Wa kwanza ni Tusekile, mkulima wa nyanya, ambaye wengi walimwita Mama Ezelina. Kipaji chake kilikuwa ulimi. Ukimpa kijiko kimoja cha mchuzi, alikutajia kila kilichomo na kilichosahaulika pia. Kwenye harusi wapishi walimkwepa.

Wa pili ni Kasian, aliyekuwa mpishi wa shule ya bweni mpaka shule ilipofungwa. Kipaji chake kilikuwa mikono. Chakula kilichofungwa chupani na Kasian hakikuoza. Watu walitania kwamba akikufungia matunda leo, utayala na wajukuu zako.

Wa tatu ni Zebedayo, muuza chipsi wa stendi. Kipaji chake kilikuwa macho. Mteja akiwa bado anavuka barabara, Zebedayo alishajua kama anataka chipsi kavu au chipsi mayai, na kama ana haraka au amegombana na mkewe.

Sasa sikilizeni shida ya Lugembe. Mwaka ule nyanya zilikubali kupita kiasi. Magari ya kutoka mjini yalichukua matenga yaliyoyatosha, na mengine yakamwagwa kandokando ya barabara. Ng'ombe walizila mpaka wakazikinai. Lakini ukiingia kwenye kibanda cha Zebedayo, huku uvundo wa nyanya ukikufuata mpaka kitini, mezani ulikuta chupa nyekundu iliyotoka kiwandani, safari ya siku mbili. Watu waliiita tomato.

Mwalimu mmoja mgeni aliwahi kuuliza darasani tomato inatengenezwa kwa kitu gani. Mtoto wa mkulima akasimama.

"Kwa tomato, mwalimu."

"Na nyanya je?"

"Nyanya ni nyanya. Tomato ni tomato."

Darasa zima likacheka, na aliyechekwa ni mwalimu.

Basi Bi Merina, mwenyekiti wa ushirika wa wakulima, akaitisha mkutano. Ushirika ulikuwa na kiwanda kidogo cha zamani chenye masufuria makubwa ya mvuke, na mlango wake ulikuwa umefungwa kwa miaka saba.

"Atakayezimaliza nyanya za barabarani msimu huu nitamkabidhi ufunguo," alisema. "Sisi tutamletea nyanya, na yeye atapika anavyoona yeye. Lakini ni mtu mmoja. Mara ya mwisho tulikabidhi kamati ya watu tisa, kila mmoja akadhani mabomba yanalindwa na mwenzake. Leo mabomba yako wapi?"

Watu walitazama viatu vyao.

Tusekile aliutaka ufunguo ule kuliko mtu yeyote. Majirani zake wawili walikuwa wameng'oa nyanya na kupanda misonobari ya mbao. Mfanyabiashara wa mbao alikuwa ameshapita kwake pia, naye alimjibu, "Nisubiri mavuno yaishe." Kama nyanya zingeendelea kumwagwa, jibu la pili lingekuwa ndiyo.

Asubuhi iliyofuata alikwenda kwa Zebedayo, akachukua chupa nyekundu, akadondoshea tone moja kwenye kidole na kuonja.

"Zebedayo, hii ni nini?"

"Tomato, dada."

"Wanga wa muhogo," alisema Tusekile. "Siki. Sukari. Chumvi. Rangi." Akaonja tena. "Nyanya haijafika hata mlangoni."

"Dada, punguza sauti, unanifukuzia wateja."

Akarudi nyumbani, akawasha moto. Alipika siku kumi na moja. Sufuria moja aliimwaga kwa sababu ilikuwa chungu, nyingine kwa sababu vitunguu vilipiga kelele kuliko nyanya. Siku ya kumi na mbili alionja, akafumba macho, akamwita binti yake Ezelina aliyekuwa na mwandiko mzuri. "Andika karatasi za kubandika kwenye chupa," alimwambia. "Andika: Nyanya Tupu, Lugembe." Bila ulimi wa Tusekile, kusingekuwa na kitu cha kutia chupani.

Lakini siku ya nne baada ya kujaza chupa, vifuniko vikaanza kuruka. Sosi ilikuwa imechacha, na chupa moja ilipasuka kabatini kwa kishindo. Tusekile akambebea Kasian mabaki kwenye ndoo.

"Mama Ezelina, umepika bomu," alisema Kasian, akinusa.

"Usinicheke, kaka. Nisaidie."

Kasian hakucheka. Alichemsha chupa, akazijaza sosi ingali moto, akazifunga na kuzichemsha tena, akikaa kando ya sufuria bila kuondoka hata kwenda kula. Chupa sita aliziweka juani, sita uvunguni mwa kitanda. Wiki tano baadaye alizifungua zote. Zilinukia kama siku ile zilipofungwa. Bila mikono ya Kasian, chakula kile kisingefika hata wiki ya pili.

Zebedayo akakubali kuziweka mezani, akaondoa chupa za kiwandani, akafuta meza vizuri. Mteja wa kwanza alikuwa dereva wa lori. Alimimina, akatazama.

"Zebe, tomato yako imepauka. Imekaa siku ngapi?"

"Mpya hiyo, mzee. Nyanya tupu."

"Tupu kweli. Haina hata rangi."

Mwingine alisema ina majimaji kama mchuzi. Mwingine alikuta mbegu, akaiita mende na kudai sahani nyingine. Mama mmoja alimvuta mwanawe mkono: "Usile hiyo, ni feki. Twende kibanda cha pili kwenye tomato halisi." Zebedayo alisimama na kijiko chake, akiyaona macho ya watu yakifika kwenye chupa na kurudi nyuma. Ndani ya siku tisa alipoteza nusu ya wateja wake, na barabarani matenga yaliendelea kumwagwa.

Akamwendea Tusekile shambani.

"Dada, watu wanakula kwa macho kabla ya mdomo. Niruhusu rangi kidogo. Na kijiko cha muhogo, iwe nzito."

"Hapana."

"Ni rangi ileile ya keki za harusi."

"Kama ni hivyo, mimi nimepika siku kumi na mbili za nini? Soma karatasi iliyobandikwa."

"Karatasi naisoma mimi peke yangu, dada. Wateja hawaisomi."

Tusekile akaendelea kufunga mche kwenye kijiti chake. Zebedayo akaondoka, lakini hakurudi stendi. Alipitia kwa Kasian na mfuko mdogo kwapani.

"Kaka Kasian, kabla hujafunga, nina kitu cha kuongeza humo."

Kasian alijua ni nini. Alitazama dirishani. Mzee jirani yake alikuwa akimwaga tenga la sita barabarani, akilitikisa ili hata nyanya iliyonasa chini itoke. Kasian hakusema ndiyo, wala hakusema hapana. Alifunua sufuria, akatoka kwenda kupasua kuni. Aliporudi sosi ilikuwa nyekundu kama gari jipya, naye akaifunga kwa uangalifu uleule.

"Leo ndiyo mmetuletea tomato," alisema dereva wa lori, akaomba chupa mbili za kwenda nazo. Madereva wengine wakauliza. Vibanda vya miji mitatu ya barabara kuu vikaagiza. Tusekile alipika usiku na mchana, majirani wakamletea nyanya kwa mikokoteni, na mavuno yalipokwisha hapakuwa na nyanya hata moja kando ya barabara. Majani mabichi yalianza kuota mahali pale palipooza. Bila macho ya Zebedayo, zingeozea palepale.

Siku moja mchana Tusekile alikwenda stendi kujionea. Watu walikuwa wamejaa. Walimpisha kiti, na mmoja akasema, "Mama, umetutoa kimasomaso." Akafurahi, akashika chupa yenye mwandiko wa binti yake, akaonja. Akaonja tena, kidole kikabaki mdomoni.

"Zebedayo."

"Dada."

"Muhogo umeingiaje humu?"

Zebedayo alipunguza moto wa jiko. "Nyanya zako zimo zote. Sikupunguza hata moja. Nimezivisha nguo wanayoijua, basi."

"Na karatasi inasema tupu."

"Nitaibadilisha karatasi."

"Ungeibadilisha kabla sijaonja." Akamgeukia Kasian, aliyekuwa ameleta kreti mpya na kubaki amesimama mlangoni. "Na wewe, kaka?"

"Nilitoka kupasua kuni," alisema Kasian.

Tusekile aliomba jambo moja tu. Kwa wiki moja, kila meza iwe na chupa mbili, ya rangi na isiyo na rangi, na wateja waambiwe wazi kilichomo katika kila moja. Zebedayo akakubali, akawaambia kwa sauti, bila kuficha. Wateja walisikiliza, wakatikisa kichwa, wakasikitika kwamba dunia imeharibika, kisha wakachukua nyekundu. Siku ya mwisho Ezelina alipita kutoka shule na wenzake. Alikaa mbele ya chupa mbili alizoziandikia karatasi kwa mkono wake mwenyewe. Akanyoosha mkono kwenye nyekundu.

"Ezelina," mama yake alimwita kutoka meza ya nyuma.

"Abee, mama."

"Kwa nini hiyo?"

Binti aliona aibu kidogo, lakini alikuwa amefundishwa kusema kweli. "Hii nyingine ni nzuri, mama. Ila haina ladha ya tomato."

Wiki hiyohiyo mkutano wa ushirika ukakaa. Bi Merina aliweka ufunguo mezani, akamwambia kila mmoja aseme.

"Nipeni mimi," alisema Tusekile. "Nitapika nyanya tupu, na watu watazizoea."

"Lini, Mama Ezelina?" aliuliza mzee mmoja, bila ubaya. "Watu wanazoea kwa miaka. Nyanya inaoza kwa siku tano."

Tusekile akaketi.

"Nipeni mimi," alisema Zebedayo. "Mlitaka barabara iwe safi. Barabara ni safi. Hamkuniagiza nikawafundishe watu kula."

"Mwaka huu kijiko cha muhogo," alisema mzee yuleyule. "Mwakani itakuwa nusu ya sufuria. Mwaka wa tatu utagundua kwamba rangi na muhogo vinatosha. Hapo utakuwa unatuhitaji sisi kwa lipi?"

Zebedayo alijua macho ya watu wote yalikokuwa yakitazama. Akafuta mikono kwenye aproni, ingawa haikuwa na mafuta.

"Mimi sikuomba," alisema Kasian. "Lakini ya dada niliifunga ikadumu, ya Zebe niliifunga ikadumu. Mkinipa, nitafunga mtakachoniletea. Mkileta nyanya nitafunga nyanya."

"Na tukileta muhogo?" aliuliza Tusekile.

Kasian alimtazama, akatazama chini. "Nitafunga vizuri," alisema.

Bi Merina akauchukua ufunguo, akaufunga kwenye pindo la kanga yake. "Tutakula kwanza," alisema. "Baada ya chakula nitamtaja mtu."

Chakula kilikuwa chipsi. Wakulima zaidi ya mia moja, wenye udongo wa mashamba ya nyanya kwenye viatu vyao, walipanga mstari mbele ya meza yenye chupa za aina mbili. Mmoja mmoja walifika, wakamimina nyekundu, wakapita. Yule mzee aliyewauliza wenzake maswali magumu alisitasita kidogo, akatazama huku na huku, akamimina nyekundu. Tusekile alikaa pembeni na sahani yake kavu. Kule mlangoni yule mfanyabiashara wa mbao alikuwa amesimama na kofia mkononi, akisubiri jibu la pili.

Bi Merina alikuwa wa mwisho kwenye mstari, na wote walikuwa wakimngoja.

Sasa nimefika mwisho wa ninayoyajua. Apewe aliyejua nyanya, na hataki kuificha, ingawa hakuna anayeinunua? Aliyeiokoa isioze, na atakiokoa chakula chochote utakachompa, kizuri au kibaya? Au aliyewafanya watu waile, kwa kuwafanya wasiijue? Mmoja akikosekana, barabara ingekuwa imejaa uozo mpaka leo. Na atakayeshika ufunguo ndiye atakayeamua nini kitakuwa kwenye meza za nchi hii watoto hawa wa mbele watakapokuwa wakubwa.

Wewe uliyenisikiliza, simama mahali pa Bi Merina. Ufunguo ni mmoja. Unampa nani?